Waliohamishwa Pripyat mwaka 1986: kinu kimefunikwa, wao bado wanaishi na siku ile (uzi mrefu)

Mwana Ukerewe (mwanzisha uzi)

Wakuu, habari za jioni.

Kila Aprili ikifika watu hurusha mitandaoni zile picha za Pripyat, mji wa Ukraine uliohamwa baada ya ajali ya nyuklia ya Chernobyl: bembea la gurudumu lenye viti vya njano, madarasa yaliyojaa vumbi, miti iliyoota ndani ya vyumba vya watu. Nimezitazama sana picha hizo. Ila zinanikera kwa jambo moja, hazina watu. Mji ule ulikuwa na wakazi karibu 49,000, wengi wao vijana wenye watoto wadogo, na karibu wote waliondoka wakiwa hai. Walipewa makazi kwingine, wakafanya kazi, wakalea, wakazeeka. Ni hao ninaotaka tuwazungumzie. Mimi ni muuguzi wa afya ya akili, na kisa hiki nimekifuatilia kwa miaka mingi kwa sababu kinaonyesha wazi hofu inavyoweza kumuumiza mtu hata pale ugonjwa anaouogopa usipomfika.

Tuanze na saa zenyewe, maana kidonda kilianzia hapo.

Kinu namba 4 cha kituo cha umeme wa nyuklia cha Chernobyl kililipuka usiku wa kuamkia Jumamosi, 26 Aprili 1986, saa 7 na dakika 23. Pripyat iko kama kilomita 3 kutoka pale. Kulipokucha watoto walikwenda shule, kina mama wakatoka na vichanga kwenye vigari, watu wakaota jua. Mji haukuambiwa kitu. Tangazo lilisomwa kesho yake, Jumapili, na ilipofika saa 8 mchana mabasi zaidi ya 1,000 yaliyoletwa kutoka Kyiv yakaanza kupakia. Watu waliagizwa wachukue vyeti, vitu vya lazima na chakula kidogo, wazime taa, wafunge gesi na maji, wafunge madirisha. Ilisemwa ni kwa muda tu, na wengi walielewa kuwa ni siku tatu. Wanyama wa nyumbani waliachwa, baadaye wakatumwa watu wa kuwapiga risasi.

Hebu fikirini mtu anayeaga nyumba kwa siku tatu. Hachukui picha za ndoa. Haagani na jirani. Hapiti makaburini. Sisi mtu akifiwa tunajua la kufanya: tunakaa matanga, tunazika, siku ya kuanua tanga inafika na watu wanamshika mkono mfiwa aanze kutembea tena. Hawa walifiwa na mji mzima na hakuna aliyewaambia kuwa wamefiwa. Walikaa wiki, kisha miezi, wakisubiri ruhusa ya kurudi, mpaka kila mmoja akaja kujua kivyake kwamba ruhusa haipo.

Halafu kuna lile la kufichwa. Dunia ilishtuka Jumatatu, 28 Aprili, baada ya mitambo ya kituo cha nyuklia cha Forsmark nchini Sweden kunasa mionzi kwenye viatu vya mfanyakazi. Jioni hiyo ndipo Moscow ikasoma tangazo fupi kwenye televisheni. Tarehe 1 Mei, maandamano ya sikukuu ya wafanyakazi yalifanyika Kyiv kama kawaida, watoto wakiwa barabarani na maua. Gorbachev mwenyewe, kiongozi wa Muungano wa Sovieti, alizungumza na wananchi tarehe 14 Mei, siku 18 baada ya mlipuko.

Linganisheni na Poland. Kule, kuanzia tarehe 29 Aprili, serikali iligawa madini joto (iodini) kwa watoto zaidi ya milioni 10 kwa muda wa siku chache. Mantiki yake ni hii: kinu kikilipuka hutoka iodini yenye mionzi, inaangukia majani, ng'ombe anakula, inaingia kwenye maziwa, mtoto anakunywa, na tezi ya shingoni inaivuta kwa kuwa inahitaji madini joto. Ukiijaza tezi mapema kwa madini joto salama, ile yenye mionzi haipati nafasi. Vijijini Belarus na Ukraine watoto wengi waliendelea kunywa maziwa ya ng'ombe wa nyumbani kwa sababu hakuna aliyewakataza. Kufikia mwaka 2005 zaidi ya watu 6,000 waliokuwa watoto au vijana wakati ule walikuwa wamepatikana na saratani ya tezi. Wengi mno walitibiwa wakapona, vifo vilivyohesabiwa hadi wakati huo vilikuwa 15. Wamebaki na kovu la upasuaji shingoni, na watu wa kule wanaliita mkufu wa Chernobyl.

Sasa jiwekeni mahali pa mama aliyemmiminia mwanawe kikombe kile kwa mikono yake. Daktari anakwambia mtoto amepona. Wewe utapona lini?

Naendelea chini, naombeni uvumilivu.

Mwana Ukerewe

Sehemu ya pili: kina mama.

Nadhani hili ndilo kundi lililoumia zaidi moyoni, na ndilo lililosikilizwa kidogo. Wanawake waliokuwa wajawazito walipohamishwa, wengi walishauriwa na madaktari watoe mimba. Waliokataa walijifungua wakiwa na sauti ya daktari yule masikioni, na kila mafua ya mtoto yakawa ushahidi.

Mtafiti mmoja Mmarekani, Evelyn Bromet wa Chuo Kikuu cha Stony Brook, alikwenda Kyiv na wenzake mwaka 1997. Waliwatafuta watoto 300 waliohamishwa wakiwa tumboni au wachanga, sasa wana miaka 11, wakawalinganisha na wanafunzi wenzao 300 wa madarasa yaleyale ambao hawakuhamishwa. Wakawapima kumbukumbu, umakini, maendeleo ya shule, afya ya mwili. Watoto walikuwa sawa. Lakini mama zao walipoulizwa, wale waliohamishwa walisema kwa wingi kuliko wenzao kwamba mtoto wangu anasahau, mtoto wangu ni mgonjwa. Vipimo havikuona kitu, mama anakiona kila siku. Na kina mama wenyewe, miaka 11 baadaye, walikuwa na sonona na kiwewe kuliko wale wa kundi la pili.

Walirudi tena watoto walipofika umri wa miaka 19. Hali ileile: vijana wako sawa na wenzao, mama bado anaugua moyo.

Kuna wanaosoma matokeo haya wakasema, basi, kumbe ilikuwa wasiwasi tu. Mimi nayasoma kinyume. Mama aliyedanganywa mara moja kuhusu maziwa ana sababu gani ya kuamini karatasi inayosema mtoto ni mzima? Alishawahi kuamini. Mionzi haina harufu, haina rangi, haiumi inapopita. Huwezi kusema leo imeisha. Mtu aliyeumwa na nyoka anajua siku aliyoumwa na siku aliyopona, huyu hana hata moja kati ya hizo.

Na swali kubwa kuliko yote, je, nimewaachia wanangu na wajukuu kitu kwenye damu, lilikaa bila jibu la kueleweka kwa miaka 35. Mwaka 2021 ndipo ulipotoka utafiti uliosoma vinasaba vya watoto 130 waliozaliwa kati ya 1987 na 2002, wa wazazi waliopata mionzi wakisafisha eneo la ajali au wakihamishwa. Haukuona ongezeko la mabadiliko mapya ya vinasaba kwa watoto hao. Habari njema kabisa. Lakini mwanamke aliyekuwa na miaka 25 mwaka 1986 alikuwa na 60 jibu lilipofika. Wapo walioamua kutozaa kwa sababu ya swali hilo, na umri wao hauwezi kurudishwa.

Fundi Umeme

Mkuu, uzi mzuri, hongera. Ila niseme ukweli ninavyouona. Nimesoma kwamba serikali za kule ziliwapa hawa watu vyeti, posho, likizo, punguzo la nauli, na mpaka leo kuna watu kila ugonjwa wanausukumia Chernobyl. Hata wataalamu wa Umoja wa Mataifa walisema watu wamezoea kujiona waathirika na kusubiri kusaidiwa. Huoni kama hofu nyingine imelelewa tu? Mionzi yenyewe kwa wengi ilikuwa kidogo.

Mwana Ukerewe

Fundi, karibu, na ahsante kwa kuuliza bila kuzunguka.

Unalosema lipo. Mwaka 2005 lile Jukwaa la Chernobyl, lililounganisha mashirika ya Umoja wa Mataifa na serikali za Ukraine, Belarus na Urusi, lilisema hivyo hivyo kuhusu utegemezi na kukata tamaa. Ila ripoti hiyohiyo ilisema jambo ambalo watu huliruka: kwamba athari kwenye afya ya akili ndilo tatizo kubwa zaidi la afya ya jamii lililoletwa na ajali ile. Hawakusema ni la kujitakia.

Angalia na namna lilivyoshughulikiwa. Mtu anakwenda hospitali kichwa kinauma, halali, moyo unakwenda mbio. Miaka ya themanini daktari anaandika radiofobia, yaani unaogopa mionzi bila sababu, nenda nyumbani. Maana yake, yule yule aliyemficha habari ndiye anayemwambia sasa hofu yako ni ujinga. Kisha inakuja sheria ya 1991, na mgonjwa anayetaka msaada zaidi anahitaji cheti kinachothibitisha kuwa ugonjwa wake umetokana na Chernobyl. Ukisema unaumwa moyo kwa kukosa mji wako, hakuna dirisha la kupokea hilo. Ukisema unaumwa figo kwa mionzi, lipo. Watu walisema kile ambacho dirisha lilikubali kusikia. Mimi siwalaumu hata kidogo.

Na kwa wanaodhani hofu haiui, watazame wanaume wa Estonia. Kutoka nchi ile ndogo walichukuliwa karibu wanaume 4,800 kwenda kusafisha Chernobyl kati ya 1986 na 1991, wengi wao askari wa akiba walioitwa ghafla. Watafiti wakawafuatilia hadi mwaka 1993. Walitarajia saratani ya damu, hawakuona ongezeko lake. Walichokiona ni kujiua. Karibu kifo 1 katika kila 5 kwenye kundi lile kilikuwa cha mtu aliyejitoa uhai, juu ya kiwango cha wanaume wengine wa Estonia. Walirudi nyumbani wakiwa na miili isiyo na jeraha, wakiwa wameambiwa kipimo cha mionzi walichopata na mtu wasiyemwamini, wengine wakiogopa kuoa, wengine wakiogopa kulala na wake zao. Kwa jumla waliopitia kazi ile ya kusafisha, Muungano wa Sovieti wote, ni kama 600,000. Kundi la namna hiyo haliwezi kuwa limeamua kwa pamoja kudeka.

Bibi Tausi

Mwanangu Ukerewe, Mungu akubariki. Hapo kwa kina mama nimesoma mara mbili.

Niongeze la Japani maana nimeishi huko na mume wangu, mji wa Sendai, jirani na mkoa wa Fukushima. Tetemeko la 11 Machi 2011 lilileta maji ya bahari (tsunami), na maji yakaharibu kinu cha nyuklia cha huko. Kwa Fukushima waliokufa moja kwa moja kwa tetemeko na maji ni kama 1,600. Lakini waliokufa baadaye, kwa kuhamishwahamishwa, kwa kukosa matibabu, kwa kukata tamaa, serikali ya Japani inawahesabu kando, na kwa mkoa ule wamepita 2,300. Wamewazidi waliochukuliwa na maji! Kulikuwa na hospitali karibu na kinu, wagonjwa wazee walipakiwa kwenye mabasi wakatembezwa masaa, makumi wakafa njiani na muda mfupi baadaye. Hao hawakuuawa na mionzi.

Pale kijiji cha Iitate, mzee wa miaka 102 alisikia kwamba kijiji chote kinahamishwa, akajinyonga. Miaka 102! Mwaka 2018 mahakama iliamuru kampuni ya umeme ilipe familia yake fidia. Mimi nilipolisikia hilo sikulala.

Na watoto waliohamia miji mingine waliitwa vijidudu shuleni. Mmoja huko Yokohama wenzake walimlazimisha atoe fedha, wakisema nyinyi si mnalipwa fidia. Wazee wa Hiroshima na Nagasaki walipoona hayo walisema wanayajua, kwani wao pia walikuwa wakificha walikotoka wasije wakakosa wachumba.

Mwana Ukerewe

Shikamoo Bibi, na ahsante sana. Hilo la kuficha ulikotoka liko Kyiv vilevile. Waliohamishwa walipewa nyumba katika mitaa mipya kama Troieshchyna, na kuna wenyeji waliokuwa wakisubiri nyumba hizo kwa miaka wakaona zinakwenda kwa wageni. Watoto wa Pripyat darasani walitaniwa kuwa wanang'aa gizani, wengine hawakutaka kukaa nao dawati moja. Mtoto anajifunza haraka kusema natoka Kyiv tu.

Niongeze takwimu moja ya huko kwako. Chuo Kikuu cha Tiba cha Fukushima kiliwatumia waliohamishwa maswali sita ya kupima dhiki ya moyo. Katika mwaka wa kwanza watu wazima 14.6% walikuwa kwenye kiwango cha hatari. Kwa Wajapani wa kawaida ni kama 3%. Ikashuka polepole miaka iliyofuata, na bado ikabaki juu ya kawaida.

Kuna kundi jingine ambalo sikuligusa, waliorudi kwa nguvu. Baada ya kuhamishwa, watu wapatao 1,200, wengi wazee wa vijijini na wanawake zaidi, walipenya waya na kurudi kwenye nyumba zao ndani ya eneo la kilomita 30. Walilima viazi, wakafuga kuku. Mwanzoni polisi waliwatoa, mwisho serikali ikawaacha. Leo waliobaki hai ni wachache sana. Sitaki kuwafanya mashujaa, maisha yao ni magumu, hakuna daktari karibu na msimu wa baridi ni mkali. Lakini wengi waliozungumza na waandishi wanasema karibu jambo moja, kwamba kufa kwa huzuni mjini waliona ndiko kulikokuwa karibu zaidi kuliko kufa kwa mionzi. Na hata wasiorudi kuishi walikuwa wakirudi kwa siku moja, kabla ya vita ya 2022: baada ya Pasaka ya Kiorthodoksi, familia ziliruhusiwa kuingia kuzuru makaburi, zikasafisha, zikaweka chakula, zikakaa na wafu wao. Katika mwaka mzima ndiyo siku majirani wa zamani walipoonana.

Halafu ikaja 2022. Tarehe 24 Februari majeshi ya Urusi yaliingia kupitia eneo lilelile. Wafanyakazi wa zamu kwenye kituo, kama 100, walishikiliwa kazini mpaka tarehe 20 Machi ndipo kukawa na mabadilishano ya kwanza, karibu wiki nne kwenye zamu moja chini ya bunduki. Wengi wao wanatoka Slavutych, mji uliojengwa baada ya ajali kuchukua nafasi ya Pripyat, na mji huo nao ukavamiwa mwishoni mwa Machi. Fikirini bibi aliyetolewa Pripyat na mtoto mgongoni, miaka 36 baadaye anatafuta tena gari la kutoka Kyiv akiwa na mjukuu. Safari hii, naamini, picha za ndoa alizibeba.

Dada Mkilifi

Kaka, mie natoka upande wa Uyombo, Kilifi. Hapa kwetu walitaka kujenga kituo cha nyuklia, watu wakaandamana mwaka 2024, askari wakaja. Siku zile tuliambiwa twaogopa kwa kuwa hatujasoma. Nimesoma uzi wako nikakumbuka maneno yayo hayo. Swali langu si la kinu kujengwa ama kutojengwa. Nataka kujua, kati ya yote waliyofanyiwa hao watu, kuna lolote lililowasaidia kweli? Maana naona maumivu tu.

Mwana Ukerewe

Dada, swali zuri, na lipo jibu ingawa ni dogo kuliko tunavyotamani.

Lililosaidia zaidi, kwa ninavyosoma, ni kuwapa watu uwezo wa kujipimia wenyewe. Kusini mwa Belarus kuna kijiji kinaitwa Olmany, wilaya ya Stolin. Mwaka 1996, miaka 10 baada ya ajali, timu kutoka Ufaransa ilikwenda pale, mmoja wao akiitwa Jacques Lochard. Kina mama walikuwa wamechoka. Wataalamu walikuja, wakapima, wakaondoka na namba zao. Timu hii ilikaa, ikarudi mara nyingi, ikauliza kwanza mnataka kujua nini. Wakapewa vipimo mkononi, wakafundishwa kuvitumia. Mama akapima jiko lake, bustani, majivu ya kuni, maziwa ya ng'ombe wake. Wakagundua kwamba maziwa hayafanani: ng'ombe akilishwa nyasi za shamba hili ni mabaya, akilishwa za lile ni afadhali zaidi. Wakabadilisha malisho. Wakajua uyoga upi wa msituni umpe mtoto na upi umwage.

Mionzi ya kijiji haikuisha. Lakini swali la kila usiku, nimemlisha mwanangu nini leo, likawa na jibu ambalo mama amelipata mwenyewe, kwa mkono wake, bila kumtegemea afisa yeyote. Kwa mtu aliyewahi kudanganywa hakuna dawa nyingine ninayoijua inayokaribia hiyo. Dawa za usingizi tunazo wodini, nazo husaidia, ila hazirudishi imani.

Uzoefu huo ulisafiri. Kuanzia Novemba 2011 kulifanyika mfululizo wa vikao Fukushima, vya wakazi, madaktari na wataalamu wa mionzi kuketi meza moja, na Lochard alikuwemo, na watu kutoka Belarus walikuja kuwasimulia Wajapani walivyoishi. Wakulima na kina mama wa Fukushima nao wakavaa vipimo vyao. Na wale waliojaza maswali sita wakaonekana hali mbaya walipigiwa simu na washauri wa chuo kile kuulizwa tu, unaendeleaje, unalala?

Kwa hiyo, Dada, kama siku moja watu wa serikali watarudi Uyombo au kwingine, waulizeni mapema: vipimo vitakaa mikononi mwa nani, na nani atatupigia simu usiku ule ule, si siku ya 18. Madini joto yatahifadhiwa zahanati gani. Wazee na wagonjwa watabebwa na gari gani, waende wapi. Mkitaka, kesho nitaweka hapa maelezo ya namna vidonge vya madini joto vinavyotumika na nani asivitumie bila daktari, maana hilo nalo lina hatari zake.